Mbosnia, Mbosniaki, Mwislamu: majina matatu yanayochanganywa

Katika maandishi ya Yugoslavia ya zamani kulikuwa na Musliman wa M kubwa na musliman wa m ndogo. Tahajia ya lugha ya huko, Kiserbo-Kroati, inataka jina la watu wa taifa fulani lianze kwa herufi kubwa, na jina la mfuasi wa dini lianze kwa herufi ndogo. Kwa hiyo Musliman alikuwa mtu wa taifa mojawapo la Yugoslavia, sawa na Mslovenia au Mmasedonia, na musliman alikuwa mfuasi wa Uislamu, awe wa Sarajevo, Istanbul au Mombasa. Mtu aliweza kuwa wa kwanza bila kuwa wa pili. Džemal Bijedić, waziri mkuu wa Yugoslavia tangu 1971 hadi alipofariki katika ajali ya ndege mwaka 1977, alikuwa mkomunisti, na kwa taifa alihesabiwa Musliman.

Kiswahili hakina namna ya kuonyesha tofauti hiyo kwa herufi, maana sisi Mwislamu tunamwandika kwa herufi kubwa siku zote. Ukisema kwetu “Mwislamu asiyemwamini Mungu” watu watadhani unatania au unatukana. Bosnia ya miaka ya 1970 hayo yalikuwa maelezo ya kawaida ya jirani wa ghorofa ya pili. Mkanganyiko mwingi wa wasomaji wetu kuhusu Bosnia unaanzia hapo. Neno moja limebeba mambo mawili, na tangu 1993 limeongezeka jina Mbosniaki, linalofanana kwa sauti na Mbosnia.

Nani ni nani

Bosanac, yaani Mbosnia, ni mtu yeyote wa Bosnia. Mkatoliki wa Livno ni Mbosnia, Mworthodoksi wa Banja Luka ni Mbosnia, Myahudi wa Sarajevo ni Mbosnia. (Wa kusini, Mostar na kwingineko, watakukumbusha haraka kwamba wao ni watu wa Herzegovina, lakini hilo ni suala la mkoa.) Jenerali Jovan Divjak alizaliwa Belgrade, alikuwa Mserbi, na wakati wa vita vya 1992 hadi 1995 alikuwa miongoni mwa makamanda wa jeshi lililoilinda Sarajevo. Huyo alikuwa Mbosnia wa kupigiwa mfano, na hakuwahi kuwa Mbosniaki.

Bošnjak, yaani Mbosniaki, ni mtu wa taifa moja mahususi: Waslavi wenye urithi wa Kiislamu, ambao lugha yao leo inaitwa Kibosnia. Wengi wao wako Bosnia na Herzegovina, lakini si wote. Novi Pazar, mji mkuu wa eneo la Sandžak, upo ndani ya Serbia, na wakazi wake wengi ni Wabosniaki. Mbosniaki wa Novi Pazar anaweza kuishi hadi kufa bila kuwa raia wa Bosnia. Kwa hiyo duara la Wabosnia na duara la Wabosniaki yanaingiliana, lakini kila moja lina sehemu isiyomo katika jingine.

Neno “kabila” halifai hapa, japo magazeti yetu hulitumia. Wabosniaki, Waserbi na Wakroati wa Bosnia wanaelewana kwa lugha bila mkalimani, wamekaa mitaa ile ile karne kadhaa, na kwa sura huwezi kuwatenganisha. Neno lao ni narod, watu au taifa, na katika sheria za Yugoslavia lilikuwa cheo. Waliokuwa narod walihesabiwa waasisi wa dola. Waalbania na Wahungaria waliwekwa daraja la chini yake, narodnost. Cheo hicho kiliamua mgawanyo wa nafasi za uongozi, kwa hiyo kugombania jina halikuwa suala la hisia tu.

Dini ilivyogeuka mpaka

Ufalme wa Bosnia ulianguka mikononi mwa Waosmani mwaka 1463. Kabla ya hapo nchi ilikuwa na Wakatoliki, Waorthodoksi, na kanisa la kienyeji lililoitwa Kanisa la Bosnia, na hakuna hata moja kati ya hayo lililokuwa na mtandao mzito wa mapadri vijijini. Kuna hadithi maarufu kwamba waumini wa Kanisa la Bosnia walisilimu wote kwa pamoja, kwa chuki dhidi ya Roma. Wanahistoria wengi hawaikubali. Daftari za kodi za Waosmani zinaonyesha kaya zikisilimu moja moja, kijiji baada ya kijiji, kwa muda wa zaidi ya karne moja, na waliosilimu walitoka makanisa yote matatu.

Utawala wa Osmani uliwapanga raia kwa dini. Mahakama, kodi, shule na ndoa vilipitia huko. Ila neno Bošnjak enzi hizo lilimaanisha mtu wa Bosnia tu, wa dini yoyote. Padri Mfransisko Ivan Franjo Jukić, Mkatoliki wa karne ya 19, alitia sahihi maandishi yake kwa jina la Slavoljub Bošnjak: “Bošnjak mpenda Uslavi”. Leo sahihi hiyo ingewatatiza Wakatoliki wenzake.

Kilichobadilika ni kwamba utaifa wa kisasa uliingia Bosnia kupitia milango ya makanisa. Walimu na makasisi wa Kiorthodoksi walileta wazo la Userbia, wale wa Kikatoliki wakaleta la Ukroati. Mwisho wa karne ya 19, mjukuu wa Mworthodoksi aliyejiita Bošnjak alikuwa anajiita Mserbi. Austria-Hungaria iliitwaa nchi mwaka 1878, na Benjamin Kállay, waziri aliyeisimamia kuanzia 1882 hadi 1903, akajaribu kufufua Bošnjak liwe jina la wote watatu, ili kuzuia mvuto wa Belgrade na Zagreb. Alichelewa. Walioonyesha kulipokea ni baadhi ya Waislamu peke yao.

Jambo hili husahaulika mara nyingi: dini ndiyo iliyochora mpaka wa mataifa yote matatu. Mserbi wa Bosnia ambaye hajakanyaga kanisani tangu abatizwe hubaki Mserbi, na hakuna anayemuuliza inakuwaje. Wabosniaki huulizwa kila siku, kwa sababu wenzao walipata majina ya kitaifa mapema na wao wakabaki na jina la dini.

Kati ya vita viwili vya dunia, Waislamu wasomi wa Bosnia walishinikizwa wachague kuwa Waserbi wa dini ya Kiislamu au Wakroati wa dini ya Kiislamu. Familia ya Spaho ndiyo mfano unaotajwa daima. Mehmed Spaho, kiongozi wa chama kikubwa cha Waislamu wa Yugoslavia, alijitambulisha kama Myugoslavia. Ndugu yake Fehim, aliyekuja kuwa Reis-ul-ulema, mkuu wa maulamaa, alijiandika Mkroati. Ndugu wa tatu, Mustafa, Mserbi. Wote baba mmoja, mama mmoja, dini moja.

Fuata fomu za sensa

Njia nzuri ya kuelewa suala hili ni kutazama fomu za sensa, maana kila fomu ilikuwa na mlango tofauti, na watu waliingia kwa ule uliokuwa wazi.

Mwaka 1948 Mwislamu wa Bosnia aliruhusiwa kujiandika Mserbi-Mwislamu, Mkroati-Mwislamu, au Mwislamu asiyejitaja taifa. Takriban 788,000 walichagua kutojitaja, 72,000 hivi Userbia, na 25,000 Ukroati. Dola ilitarajia kwamba wakielimika wangejiunga na mojawapo ya mataifa mawili. Tarakimu zikasema vingine. Mwaka 1953 mlango ulikuwa “Myugoslavia asiyejitaja”, na karibu 890,000 wakapitia huo. Mwaka 1961 likaja chaguo la “Mwislamu kwa maana ya kikabila”, na 842,000 hivi wakalitumia. Mwaka 1968 uongozi wa Kikomunisti wa Bosnia ukatamka kwamba Waislamu ni taifa kamili, na sensa ya 1971 ikahesabu Muslimani 1,482,430, karibu asilimia 40 ya wakazi wa Bosnia na Herzegovina.

Ukiisoma 842,000 na kisha 1,482,430 bila kujua habari ya fomu, utadhani watu hawa walizaana ajabu kwa miaka 10. Wapo walioandika hivyo, tena kwa nia mbaya. Kuzaliana kulikuwapo, lakini tazama safu ya pembeni: waliojiita Wayugoslavia nchini humo walikuwa 275,883 mwaka 1961, na 43,796 mwaka 1971. Sehemu kubwa walikuwa Waislamu waliokosa mahali pa kujiandika. Mlango wao ulipofunguliwa, wakahama. Kabla ya kulinganisha sensa mbili za Balkani, anza kuuliza ni machaguo gani yalichapwa kwenye dodoso.

Kwa nini basi wakomunisti, watu wasio na dini, walilichagua jina la dini? Kwa sababu “Bošnjak” lilikaribia mno jina la nchi. Bosnia ilitangazwa kuwa jamhuri ya Waserbi, Wakroati na Waislamu kwa usawa, na kumpa mmoja jina la nchi kungefanya wawili wengine waonekane wageni. “Musliman” halikudai ardhi. Lilikuwa suluhisho la kisiasa, na lilifanya kazi kwa kiasi mradi Yugoslavia ipo.

Yugoslavia ilipoanza kupasuka, jina likawa mzigo. Mwaka 1990 Adil Zulfikarpašić, tajiri aliyerudi kutoka uhamishoni Uswisi, alidai watu wake warudi kwenye Bošnjak. Alija Izetbegović, kiongozi wa SDA, chama kikuu cha Waislamu wa Bosnia, alikataa wakati ule, na mwaka huo huo wakaachana, Zulfikarpašić akaanzisha chama chake. Miaka mitatu baadaye vita vilikuwa vimebadili hesabu. Dunia nzima ikizungumza na Waserbi na Wakroati, mataifa yenye majina ya mataifa, upande wa tatu mezani ulisikika kama kundi la waumini. Septemba 1993, mji ukiwa umezingirwa na mizinga vilimani, wajumbe walikutana katika hoteli ya Holiday Inn Sarajevo na kuamua kwamba jina ni Bošnjak na lugha ni Kibosnia. Jina likaingia katika Mkataba wa Washington wa Machi 1994, kisha katika katiba iliyoambatishwa kwenye Mkataba wa Dayton wa 1995, uliomaliza vita.

Suala la kama hawa ni kundi la dini au taifa lilifika pia mahakamani. Katika kesi ya Radislav Krstić, jenerali wa jeshi la Waserbi wa Bosnia, kuhusu mauaji ya halaiki ya Srebrenica, ambako zaidi ya wanaume na wavulana 8,000 waliuawa Julai 1995, mahakama ya Umoja wa Mataifa ya The Hague ilibidi itaje ni kundi gani lililolengwa. Hukumu ya 2001 ilieleza kwamba Waislamu wa Bosnia awali walionekana kama kundi la dini, na baadaye katiba ya Yugoslavia ikawatambua kama taifa. Waliowatenga wanaume kule Srebrenica hawakumuuliza mtu kama anaswali.

Sensa ya 2013

Sensa ya kwanza baada ya vita ilifanywa Oktoba 2013, na matokeo yalitoka 2016 huku Republika Srpska, sehemu ya nchi yenye Waserbi wengi, ikiyapinga, kwa madai kwamba watu wasioishi nchini walihesabiwa kuwa wakazi. Ndani yake kulikuwa na maswali matatu tofauti: taifa, dini, lugha ya mama. Ya taifa na dini yalikuwa ya hiari. Kabla ya sensa, kampeni za Wabosniaki ziliwakumbusha watu majibu matatu kwa mpangilio: Bošnjak, Uislamu, Kibosnia. Hofu ilikuwa kwamba wengine wangejiandika Musliman kwa mazoea, au Mbosnia kwa uzalendo, na hesabu ikagawanyika.

Majibu haya hapa. Wabosniaki kwa taifa walikuwa asilimia 50.11 ya wakazi. Waislamu kwa dini, asilimia 50.70. Wenye Kibosnia kama lugha ya mama, asilimia 52.86. Tarakimu tatu zinakaribiana sana, lakini hakuna mbili zilizo sawa. Kati ya dini na taifa kuna tofauti ya watu kama 20,900, nayo inaficha mienendo inayokwenda pande zote mbili. Wapo Waislamu wasio Wabosniaki, yaani Waroma, Waalbania, Waturuki wachache, waliojiandika Mbosnia, na watu kama 12,000 walioshikilia Musliman. Na wapo Wabosniaki waliojiandika hawana dini. Ukitoa idadi ya taifa kwenye idadi ya dini kwa hesabu ya haraka utapata 20,900, na hutajua ni wangapi walikwenda upande gani. Ili kujua hilo unahitaji jedwali linalokutanisha majibu mawili ya mtu mmoja. Kosa hili nimelikuta hata katika maandishi ya wataalamu.

Sheria inasemaje

Katiba ya Dayton inataja “mataifa yaasisi” matatu, Wabosniaki, Wakroati na Waserbi, “pamoja na Wengine”. Haitaji Waislamu. Urais una watu watatu: Mbosniaki mmoja na Mkroati mmoja wanaochaguliwa katika Shirikisho, sehemu ya nchi yenye Wabosniaki na Wakroati wengi, na Mserbi mmoja kutoka Republika Srpska. Baraza la juu la bunge lina viti 15, vitano vitano.

Hakuna cheti kinachothibitisha kwamba mtu ni Mbosniaki. Mgombea anajitangaza mwenyewe kwenye fomu. Tume ya uchaguzi haiulizi msikiti wala kanisa. Ndiyo maana Željko Komšić ameweza kuchaguliwa mara nne kuwa mjumbe wa Kikroati wa urais huku vyama vikubwa vya Wakroati vikilalamika kwamba kura zake zilitoka kwa Wabosniaki. Kisheria yeye ni Mkroati kwa kuwa amesema hivyo.

Kinachokwama ni kwa asiyetaka kusema, au anayesema jina lisilo kwenye orodha. Dervo Sejdić ni Mroma na Jakob Finci ni Myahudi. Wote wawili hawaruhusiwi kugombea urais. Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu iliwapa ushindi Desemba 2009. Azra Zornić alikataa kujitaja taifa lolote, akajiita raia wa Bosnia tu, naye akashinda mwaka 2014. Ilijaz Pilav ni Mbosniaki kabisa, lakini anaishi Srebrenica, iliyo ndani ya Republika Srpska, ambako kiti cha urais ni cha Mserbi, akashinda 2016. Katiba bado haijabadilishwa.

Kahawa, majina na mazishi

Katika maisha ya kila siku mpaka huu unasikika kwa herufi. Kahawa ile ile, iliyochemshwa katika birika dogo la shaba, Mbosniaki huiita kahva, Mserbi kafa, Mkroati kava. Sauti ya h ilidumu kwa Waislamu, na wanaisimu wengi huihusisha na karne za kusoma Kurani. Kibosnia sanifu kimeigeuza kuwa alama yake. Msomaji wa Kiswahili atakuta ndugu wengi wa mbali humo: vakuf ni wakfu, mevlud ni maulidi, sevap ni thawabu, nijet ni nia. Baadhi watampoteza njia. Dženaza kwao ni sala na mazishi yenyewe, si kitanda cha kubebea maiti, na merhaba ni salamu, si jibu la shikamoo.

Majina ya watu husaidia, lakini usiyaamini sana. Mwanasoka Zlatan Ibrahimović, mwana wa mhamiaji Mbosniaki na mama Mkroati, ana jina la kwanza la Kislavi litokanalo na dhahabu, na la ukoo litokanalo na Ibrahim. Goran Hadžić, aliyeshtakiwa The Hague, ana “haji” ndani ya jina lake na alikuwa Mserbi: Waorthodoksi waliohiji Yerusalemu nao waliitwa hadži. Na Jasmin, kule, ni mwanamume.

Utendaji wa dini una ngazi nyingi. Yupo anayeswali tano, yupo wa Ijumaa, yupo anayefunga Ramadhani nzima na kunywa pombe miezi iliyobaki, yupo asiyefanya lolote kati ya hayo lakini siku ya Bajram, yaani Idi, anakwenda kwa mama yake kula baklava. Mwanawe atatahiriwa na atapewa jina linalotambulika, na baba yake atazikwa kwa dženaza. Jumuiya ya Kiislamu, yenye makao Sarajevo na cheo cha Reis-ul-ulema tangu 1882, huandikisha waumini kwa kaya na kupokea ada ya mwaka. Kutojiandikisha hakumwondoi mtu katika Ubosniaki.

Kinachoweza kumwondoa, machoni pa jamii, ni kuhamia dini nyingine. Hapa mlango una upande mmoja. Mswidi akisilimu Sarajevo anakuwa Mwislamu, hawi Mbosniaki. Mturuki na Mwarabu waliooa huko hawawi pia. Lakini Mbosniaki akibatizwa, wengi watamhesabu amehama taifa, ilhali akitangaza hamwamini Mungu hawatamhesabu hivyo. Kwa nini? Kwa sababu nafasi ya ubatizo tayari ina jina: la Kiorthodoksi linaitwa Mserbi, la Kikatoliki linaitwa Mkroati. Ukanaji Mungu hauna taifa linalousubiri.

Mpaka wa mwisho wa majina haya uko nje ya Bosnia. Montenegro, sensa ya 2011 iliwaorodhesha Wabosniaki 53,605 na, katika mstari mwingine, Muslimani 20,537, watu wa lugha moja na dini moja, mara nyingine wa familia moja. Serbia, mwaka 2022, Wabosniaki walikuwa 153,801 na Muslimani 13,011. Hao 13,011 bado wanajiandika kwa M kubwa.